Mkopo wa shilingi 8,000, ujumbe kwa wifi: uchambuzi wa kisa cha usumbufu wa wadai nchini Kenya

Mkopaji ni mwanamke anayeuza mitumba mjini Nakuru. Tumemuunda kutokana na mambo yanayojirudia katika malalamishi ya aina hii, kwa hiyo usimtafute sokoni. Sheria, ofisi na muda uliowekwa ndivyo vilivyo, na mtu wa kweli angepitia humo humo.

Belo la nguo limeshuka na pesa hazitoshi. Anaomba shilingi 8,000 kwenye programu ya mkopo. M-Pesa inaingiza 6,400, kwa kuwa 1,600 zimekatwa mwanzoni kama "ada ya huduma", na anatakiwa kurudisha 8,000 siku ya 14. Ada hiyo ni robo ya pesa alizopokea, kwa wiki mbili tu. Akichelewa, faini ni 2% kwa siku, ambayo kampuni inaihesabu juu ya 8,000 zote, yaani shilingi 160.

Siku ya 12, mkopo haujaiva, simu zinaanza. Siku ya 14 analipa 3,000 na kuomba wiki moja. Siku ya 16 wifi yake, ambaye hajawahi kugusa programu hiyo, anapokea ujumbe huu:

"Wewe ni mdhamini wa mkopo wa mke wa kaka yako. Salio ni 5,320. Mwambie alipe kwa Paybill yetu kabla ya saa sita mchana la sivyo jina lako pia litapelekwa CRB."

Paybill ni namba ya kampuni ya kupokelea malipo ya M-Pesa; CRB ni shirika linalotunza kumbukumbu za wakopaji na madeni yao. Wifi anajibu: "Namba yangu mmeipata wapi? Mimi sijadhamini mtu."

"Imo kwenye simu yake. Mwambie alipe."

Siku ya 17 kunaundwa kundi la WhatsApp lenye watu 23: mwenyekiti wa chama chake cha akiba, mwalimu wa mtoto, muuzaji wa mabelo, majirani. Ndani yake imewekwa picha ya kitambulisho chake na neno MWIZI kwa wino mwekundu. Jioni mtu anayejiita afisa wa DCI, idara ya polisi ya upelelezi wa jinai, anapiga simu kusema gari liko njiani.

Hapo ndipo wengi hukosea, kila mtu kwa namna yake. Mmoja anafuta programu na kuvunja laini. Mwingine anakopa kwenye programu ya pili ili ailipe ya kwanza. Wa tatu anamtukana mkusanyaji madeni kwa ujumbe mrefu, na ujumbe huo ndio unaokuja kuwekwa mezani kama utetezi wa kampuni.

Deni ni faili moja, usumbufu ni faili nyingine

Mkopaji huyu anadaiwa. Hakuna kifungu kinachofuta deni kwa sababu mdai alitukana, na mwanasheria anayekuahidi hivyo anakuuzia maneno. Lakini kudaiwa hakumpi mdai ruhusa ya kuchukua kitabu cha namba za simu na kukitumia kama kiboko. Makosa hayo yana sheria yake, ofisi yake na fidia yake, na yanaendelea kuwa makosa hata kama deni halijalipwa. Kwa hiyo anayelalamika aseme wazi tangu mstari wa kwanza: "Nilikopa, nilipokea kiasi hiki, nimelipa kiasi hiki." Akificha deni, kampuni italifichua, na hapo hata sehemu ya ukweli ya malalamishi itaanza kutiliwa shaka.

Sheria zinazohusika hasa ni mbili. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inasimamiwa na Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data, ODPC. Kanuni za Benki Kuu ya Kenya kuhusu wakopeshaji wa kidijitali, zilizotangazwa Machi 2022, zinakataza waziwazi vitisho, lugha chafu, kupiga simu au kutuma ujumbe kwa watu walio kwenye simu ya mkopaji bila idhini, na kumwanika mkopaji hadharani ili kumwaibisha. Kundi lile la WhatsApp limevunja zaidi ya katazo moja kwa pigo moja.

Ushahidi kabla ya hasira

ODPC imeyatupa malalamishi mengi kwa sababu ya upungufu wa ushahidi, ingawa sheria ilikuwa upande wa mlalamishi. Picha ya skrini inayoonyesha jina ulilohifadhi mwenyewe, mfano "Mkopo Wasumbufu", haithibitishi namba iliyotuma. Gusa jina, fungua namba kamili, piga picha ya hiyo nayo. Tarehe na saa vionekane. Kwa WhatsApp, ingia kwenye taarifa za kundi, piga picha ya aliyeliunda, tarehe ya kuundwa na orodha ya wanachama, kisha hamisha mazungumzo yote kwa kipengele cha kuhamisha gumzo. Fanya hayo kabla ya kujiondoa. Anayejiondoa kwa aibu dakika ya kwanza mara nyingi anaondoka bila kitu.

Kipande kimoja cha ushahidi hupuuzwa na watu wengi, nacho ndicho kinachofunga kampuni: ujumbe unaotaja salio halisi na namba ya Paybill. Utetezi wa kwanza wa kampuni huwa ni "hiyo si namba yetu". Ni kweli, wakusanyaji hutumia laini za kawaida zinazobadilishwa kila mara. Lakini nani mwingine angejua kwamba mwanamke huyu anadaiwa 5,320 kamili, siku ya 16, na kutaka pesa ziingie kwenye Paybill ya kampuni hiyo hiyo? Swali la wifi, "Namba yangu mmeipata wapi?", lina thamani hiyo hiyo. Jibu alilopewa ni ungamo kwamba kitabu cha namba kilichotwa. Kwa hiyo ukipigiwa simu ukiwa si mkopaji, uliza swali hilo kwa maandishi, kwa upole, kisha nyamaza usubiri jibu.

Mkopaji naye aingie kwenye programu kabla ya kuifuta apige picha ya mkataba, tarehe ya kulipa, mchanganuo wa ada na sera ya faragha. Apige picha ya ukurasa wa programu kwenye Google Play, hasa jina na anwani ya aliyeitengeneza, kwa sababu programu hizi huondolewa na kurudi na jina jipya. Kisha aende kwenye mipangilio ya simu aondoe ruhusa ya namba, ujumbe na picha. Kuondoa ruhusa hakurudishi namba zilizokwisha kuchukuliwa. Kunazuia tu zisiendelee kuchukuliwa. Kwa taarifa, tangu Mei 2023 Google imezikataza programu za mikopo kuomba namba na picha za mteja. Programu inayoziomba leo, au iliyotumwa kama faili nje ya Google Play, imeshajitambulisha yenyewe.

Kama kuna uwezekano wa kufika mahakamani, usibaki na karatasi zilizochapishwa tu. Hifadhi simu yenyewe. Ushahidi wa kielektroniki huambatana na cheti kinachoeleza ni kifaa gani kilitoa nakala na nani alikitumia, kama kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinavyotaka.

Kampuni ni ipi hasa?

Jina la programu si jina la kampuni. Ukilalamika dhidi ya jina la programu peke yake, barua ya ODPC haina pa kufika. Pakua taarifa ya M-Pesa ya siku uliyopokea pesa. Mstari wa zile 6,400 unaonyesha jina la aliyetuma, ambalo mara nyingi ndilo jina lililosajiliwa au linalokupeleka kwalo. Lilinganishe na jina lililo chini ya sera ya faragha, kisha na orodha ya wakopeshaji wenye leseni iliyo kwenye tovuti ya Benki Kuu. Orodha hiyo ilianza na kampuni 10 Septemba 2022 na kufikia Juni 2025 zilikuwa 126.

Ikiwamo, una mlango wa pili: Benki Kuu, inayoweza kugusa leseni. Barua kwake iwe fupi, iseme ni katazo gani limevunjwa, na iambatane na nakala ya malalamishi kwa kampuni yenyewe pamoja na jibu lake au ukimya wake. Isipokuwamo, kukopesha bila leseni ni kosa la jinai peke yake. Wakopeshaji wasio na leseni ni wagumu zaidi kwa upande wa fidia, kwa sababu unaweza kushinda kesi dhidi ya kampuni isiyo na ofisi wala mtu wa kukamatwa.

Barua ya kwanza kwa kampuni

ODPC haikulazimishi kuanza na kampuni, lakini barua pepe ya nusu ukurasa inafaa sana. Omba mambo matatu: nakala ya data zote walizo nazo kukuhusu na walikozitoa; kufutwa kwa namba za watu wengine walizochukua kwenye simu yako; na kukoma kuwasiliana na yeyote asiye wewe. Kwa kanuni za ulinzi wa data za 2021, ombi la kupata data zako linapaswa kujibiwa ndani ya siku 7, na la kufuta ndani ya siku 14. Wasipojibu, wameongeza kosa jipya lisilohitaji picha ya skrini: barua yako ina tarehe, na siku zinajihesabu.

Malalamishi matatu

Hapa ndipo kisa hiki kinapaswa kuendeshwa tofauti na wengi wanavyofanya. Kawaida mkopaji huandika malalamishi moja marefu na kuwataja wifi na mwenyekiti kama mashahidi. Sivyo. Wifi alalamike kwa jina lake na mwenyekiti kwa jina lake, kwa sababu wao ndio wenye kesi nzito.

Mkopaji, kampuni itamwambia: ulibonyeza "nakubali". Ana majibu: idhini lazima iwe mahususi na ya hiari, mzigo wa kuthibitisha idhini uko kwa kampuni chini ya kifungu cha 32 cha Sheria ya Ulinzi wa Data, na hata idhini iliyo safi haihalalishi kilichokatazwa na kanuni za Benki Kuu. Majibu hayo yana nguvu, lakini yanataka hoja. Wifi hahitaji hoja nyingi. Hakubonyeza chochote, hakupokea senti, hakuna mkataba wenye jina lake. Kampuni ilikusanya data yake kwa mtu mwingine bila kumjulisha, ikaitumia kumtisha kwa deni lisilo lake. Watasema mkopaji ndiye aliyemwandika kama mtu wa kupigiwa wakati wa dharura. Sawa, na pengine ni kweli. Lakini mtu hawezi kutoa idhini ya mtu mwingine, na kuandikwa hivyo hakumfanyi wifi kuwa mdhamini. Mdhamini ni aliyekubali mwenyewe kubeba deni. Kama wifi angekuwa ametia saini au kuthibitisha kwa simu yake, tungekuwa na kesi nyingine kabisa, na kumpigia kuhusu deni kungekuwa halali, ingawa matusi yasingekuwa.

Mwenyekiti wa chama alijiondoa kwenye kundi na kufuta kila kitu. Malalamishi yake peke yake yangeanguka. Namna ya kuyaokoa ni kuyaunganisha na picha za taarifa za kundi alizohifadhi mkopaji, zinazoonyesha kwamba namba ya mwenyekiti ilikuwamo na nani aliliunda kundi.

Kuwasilisha ni bure: kwenye tovuti ya ODPC, kwa barua pepe, au kwa kufika ofisini, na asiyeweza kuandika husikilizwa kwa mdomo maelezo yakaandikwa. Andika kwa mpangilio wa tarehe, kurasa mbili zinatosha, viambatisho vikiwa na namba. Sema unachotaka: amri ya kukoma, kufutwa kwa data, fidia. Asiyeomba fidia anaweza kuishia na amri ya kukoma tu. Na fidia ielezwe. Kifungu cha 65 cha sheria hiyo hiyo kinatambua hata madhara yasiyo ya pesa, kama vile fadhaa, lakini "niliumia sana" ni maneno mawili tu. Ujumbe wa muuzaji wa mabelo akisema hatamkopesha tena mpaka aeleze habari za wizi ni ushahidi.

Kampuni hupewa siku 21 kujibu. Uchunguzi unapaswa kukamilika ndani ya siku 90 tangu malalamishi kupokelewa. Katikati, ODPC inaweza kupendekeza maafikiano. Si vibaya kuyakubali, mradi yaandikwe na yataje kufutwa kwa data, maana pesa kidogo za kunyamazisha bila kufuta namba ni kununua mwezi mmoja wa utulivu. Asiyeridhika na uamuzi ana siku 30 za kukata rufaa Mahakama Kuu.

Meno yapo. Faini ya kiutawala inaweza kufika shilingi milioni 5 au 1% ya mapato ya kampuni ya mwaka uliotangulia, kiasi kidogo kati ya hivyo. Septemba 2023 ODPC iliitoza Mulla Pride, iliyoendesha KeCredit na Faircash, shilingi 2,975,000 kwa kutumia majina na namba zilizopatikana kwa watu wengine kutuma vitisho. Ila faini huenda serikalini. Kinachokuja kwako ni fidia, na ndiyo maana ni lazima uiombe.

Yule "afisa wa DCI"

Deni la mkopo ni la madai, si la jinai. Hakuna polisi anayekuja kwa shilingi 5,320. Kampuni ikitaka kulazimisha, iende mahakamani, na kwa kiasi hiki ni Mahakama ya Madai Madogo, inayosikiliza hadi shilingi milioni 1. Dalali wa mnada naye hafiki mlangoni kwa ujumbe wa simu: huja na hati baada ya hukumu, huorodhesha mali, kisha hutoa siku 7. Anayekuja bila karatasi ni mvamizi.

Simu ile ya vitisho, kwa hiyo, inapelekwa kituo cha polisi. Eleza, andikiwa, na usiondoke bila namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo. Ukiambiwa "hayo ni mambo ya deni, lipeni mpatane", usibishane kuhusu deni. Sema umekuja kuripoti vitisho na mtu anayejifanya afisa wa polisi, yote mawili ni jinai. Maneno hayo hubadilisha mazungumzo ya kaunta haraka kuliko hotuba kuhusu haki zako.

Kifungu cha 27 cha Sheria ya Matumizi Mabaya ya Kompyuta na Uhalifu wa Mtandaoni ya 2018 kinahusu mawasiliano yanayoweza kumtia mtu hofu ya kudhuriwa au kupoteza mali, au yenye matusi mazito. Adhabu ni faini ya hadi shilingi milioni 20 au kifungo cha hadi miaka 10, au vyote viwili. Kwa anayetafuta kinga, faida kubwa iko kwenye amri: mahakama inaweza kumzuia mshtakiwa asiendelee, inaweza kutoa amri ya muda, inapaswa kuamua ombi ndani ya siku 14, na inaweza kumwagiza mtoa huduma za simu kusema laini ni ya nani. Ugumu ni kwamba amri hiyo inamlenga aliyeshtakiwa, hivyo bila polisi na mwendesha mashtaka kufanya kazi yao, mlango haufunguki. Ndiyo sababu njia ya ODPC, ingawa si ya kishindo, ndiyo ya kuanzia.

Kuna wanaokimbilia Mahakama Kuu na kesi ya kikatiba chini ya kifungu cha 31 cha Katiba, cha faragha. Majaji wamewarudisha baadhi yao wakaanze ODPC, na gharama zimeshatumika. Mwenye kuhitaji wakili asiye na uwezo aulize Huduma ya Taifa ya Msaada wa Kisheria au Kituo cha Sheria kabla ya kulipa mtu.

Kumaliza deni huku malalamishi yakiendelea

Mkopaji alipe, lakini alipe hesabu iliyo sawa. Baada ya kutoa 3,000, salio lilikuwa 5,000. Kuendelea kutoza 2% juu ya 8,000 ni kutoza faini juu ya pesa zilizokwisha kulipwa. Kwa siku mbili, juu ya salio halisi, ni 200 wala si 320. Mkataba ukisema faini huhesabiwa kwenye salio, ana haki ya kudai marekebisho. Ukiwa kimya, aombe mchanganuo kwa maandishi. Njia inayofanya kazi mara nyingi ni kuandika: "Niko tayari kulipa 5,000 Ijumaa, mkithibitisha kwa barua pepe kwamba zinafunga akaunti." Mkusanyaji akikuelekeza kwenye namba yake binafsi "ili akupunguzie", kataa. Pesa hizo hazitaonekana kwenye akaunti yako, na mwezi ujao utapigiwa upya na mtu asiyemjua huyo wa kwanza. Paybill ya kampuni, namba ya akaunti sahihi, risiti, kisha barua ya kufunga mkopo.

Na tishio la CRB? Taarifa mbaya hairuhusiwi kupelekwa kwa salio lisilozidi shilingi 1,000, na mteja lazima ajulishwe angalau siku 30 kabla. Wifi hawezi kupelekwa kabisa, kwa kuwa hana mkopo. Miezi miwili baada ya kulipa, mkopaji aombe ripoti yake kwenye CRB zote tatu zenye leseni, TransUnion, Metropol na Creditinfo, maana kampuni hupeleka taarifa haraka na kuzisahihisha polepole. Akikuta bado anaonyeshwa kama mdaiwa, apeleke barua ya kufunga mkopo kwa CRB husika na kudai marekebisho, na nakala aiongeze kwenye malalamishi yake ODPC ikiwa uamuzi haujatoka.

Fidia ikitolewa na kampuni ikakaa kimya, uamuzi haujilipi wenyewe. Anayeidai atalazimika kuupeleka mahakamani ili utekelezwe, na hapo lile jina halisi la kampuni lililotoka kwenye taarifa ya M-Pesa ndilo litakaloamua kama kuna mtu wa kudaiwa.